Kamera ya Upenuni na Sitara ya Jirani

Kisiwani Pemba kamera ya ulinzi ya nyumbani hufungwa kwa sababu ambayo mgeni hawezi kuibahatisha upesi: jamvi la karafuu. Vitu vya ndani vina kufuli na watu wanaolala karibu navyo, lakini karafuu mbichi hazifungiwi. Zikishachumwa na kuchambuliwa, yaani kutengwa na makonyo yake, lazima zitandazwe juani siku nne au tano, na jua likiwa la kubahatisha hata wiki nzima. Huanikwa uwanjani mbele ya nyumba, ukingoni mwa barabara, popote panapopata jua la kutwa. Zikikauka hubaki na takriban theluthi moja ya uzito wake, na hapo ndipo thamani yake huwa kubwa na uangalizi wake mgumu. Shirika la Biashara la Taifa la Zanzibar, ZSTC, hununua kilo moja ya karafuu kavu kwa zaidi ya shilingi 10,000, kwa hiyo gunia la kilo 50 linapita nusu milioni. Tena karafuu haina alama. Ng'ombe ana baka, pikipiki ina namba. Karafuu zikishaondoka jamvini zikachanganywa na za mtu mwingine, hayupo awezaye kusema hizi ni za nani.

Dawa ya zamani ya wizi huo ilikuwa kukesha. Wanaume walilala barazani kwa zamu, kandili ikiwa imepunguzwa utambi, na vijana wa shehia wakapangiana usiku wa kuzunguka. Dawa hiyo bado ipo, lakini inahitaji watu, na watu wamepungua. Nyumba nyingi zimebaki na mama mtu mzima na wajukuu. Vijana wako Unguja, Dar es Salaam au Maskati. Wakati huohuo umeme umekuwa wa kutegemewa zaidi. Mwaka 2010 umeme wa gridi ya taifa ulifika Pemba kwa waya uliolazwa chini ya bahari kutoka Tanga, kwa msaada wa Norway. Kabla yake kisiwa kilitegemea jenereta za dizeli. Umeme, simu ya kisasa na mtoto aliye Uarabuni mwenye uchungu na mali ya mamaake: vitatu hivyo vikikutana, kamera hupanda upenuni na kushika nafasi iliyoachwa wazi barazani.

Nyumba inayotolewa mfano hapa iko pembezoni mwa mji wa Wete. Ni ya mama mjane, na mwandishi alikulia humo; yanayosimuliwa ni yale aliyoyaona, pamoja na yale ambayo yeye na nduguze waliyakosea. Msimu mmoja, baina ya Isha na Alfajiri, karafuu za kiasi cha magunia mawili ziliondoka jamvini na hazikuonekana tena. Mama hakulia. Aliketi kizingitini akayatazama majamvi matupu mpaka jua likapanda, na picha hiyo ya mama ameketi, iliyosimuliwa kwa simu na mjukuu, ndiyo iliyomfanya mtoto wa kwanza, aliyekuwa akifanya kazi za usiku Maskati, atume fedha za kamera kabla wiki haijaisha.

Fundi alitoka Chake Chake. Kwa kipimo cha ufundi kazi yake ilikuwa nzuri: aliitafutia kamera mahali pa juu kabisa, kwenye pembe ya nyumba chini ya paa, ili ione mbali iwezekanavyo. Akaweka ruta ndogo ya laini, akaunganisha programu kwenye simu ya mjukuu na ya mwana aliye Maskati, akaonyesha picha. Kilionekana karibu kila kitu. Uwanja wa kuanikia wote, mwembe, njia ya mguu inayokatiza baina ya nyumba mbili, na ng'ambo ya njia hiyo, nusu nzima ya ua wa jirani: kisima, banda la jikoni, kamba ya kuanikia nguo na mlango wa choo. Watu wote waliokuwapo waliisifu. Ua ule ulikuwa umezungushiwa makuti kwa miaka mingi, na makuti yale yalitosha, maana ua hujengwa kwa kimo cha mtu anayepita. Haukujengwa kwa jicho lililo upenuni.

Hapa ndipo mahali pa kueleza neno sitara, kwa sababu neno faragha, ambalo ndilo linalotumika katika sheria na magazeti, halitoshi kuyabeba mambo yote. Faragha ni ya mtu: mambo yangu, barua zangu, simu yangu. Sitara ni ya nyumba nzima, na huwekwa na pande mbili. Mwenye nyumba hujistiri kwa ua, pazia na mlango. Mpita njia humstiri kwa kupaza hodi kabla hajafika, kusimama upande wa mlango badala ya kuukabili, na kugeuza uso akikuta pazia limepeperuka. Upande mmoja ukilegea, wa pili haufui dafu. Ndiyo maana ua wa Pemba unaweza kuwa wa makuti yaliyochakaa na bado mwanamke akakaa ndani yake kichwa wazi, akakuna nazi na kuzungumza kwa sauti yake ya kawaida. Anategemea makuti kidogo na adabu ya watu sana.

Mafunzo haya yana mizizi ya dini. Sura An-Nur, aya ya 27, inawaamuru waumini wasiingie nyumba zisizo zao mpaka waombe ruhusa na kuwasalimu wenyewe. Sura Al-Hujurat, aya ya 12, inakataza kupelelezana. Katika hadithi iliyopokewa na Bukhari na Muslim, mtu mmoja alichungulia kwa tundu la mlango katika nyumba ya Mtume, naye akakemewa kwa ukali na kuelezwa kwamba kuomba ruhusa kumewekwa kwa ajili ya macho. Maelezo hayo yanastahili kufikiriwa na kila anayefunga kamera. Hodi haikuwekwa kwa ajili ya miguu tu. Jicho likiingia kabla ya idhini, ruhusa ya miguu haina maana tena.

Mafakihi wa miji ya Kiislamu waliyachambua mambo haya hadi kwenye ufundi wa ujenzi. Ibn al-Rami, mwashi wa Tunis aliyeishi karne ya 14, alikusanya kitabu kizima cha hukumu za majengo, na humo masuala ya madirisha, milango inayokabiliana na mapaa yanayotazama nyua za watu yana nafasi kubwa. Miongoni mwa hukumu za zamani za watu wa Maliki ni ile ya mnara wa msikiti unaochungulia majumba: mwadhini anazuiwa asiupande. Adhana ni jambo tukufu, na bado utukufu wake haukutosha kuhalalisha jicho kuangukia ua wa mtu. Watu wa Pemba wengi ni wa madhehebu ya Shafi, hawamfuati Maliki, lakini hukumu ile wangeielewa bila kutafsiriwa.

Kisiwa chenyewe kina ukumbusho wake. Karibu na kijiji cha Pujini, kusini mashariki mwa Chake Chake, yako magofu ya ngome ya karne ya 15 inayohusishwa na Mkama Ndume, mtawala anayekumbukwa kwa ukatili wake. Ndani ya ngome kuna kisima, na wenyeji husimulia kwamba kiligawanywa kwa ukuta kwa sababu ya wake wawili wa mtawala: mmoja alishuka kwa ngazi, wa pili aliteka kwa ndoo na kamba, wasionane. Kisa hicho kinaweza kuwa cha wivu zaidi kuliko cha sitara. Hata hivyo kinafundisha jambo moja la ujenzi ambalo fundi wa kamera hufundishwa mara chache: watu wawili wanaweza kutumia maji yaleyale kwa miaka bila kuonana, mradi aliyejenga alifikiria mapema nani atasimama wapi.

Mtu anaweza kuuliza, mbona barazani watu hukaa kutwa wakimtazama kila apitaye, na hakuna aliyewahi kulalamika? Tofauti ni kubwa. Mzee wa barazani naye anaonekana. Apitaye anamjua, anamwamkia, anajua mzee ataona nini na atamwambia nani. Mzee husahau, na akiona lisilofaa anaweza kuinamisha macho, na heshima yake mtaani inapimwa kwa mambo aliyoyaona akayanyamazia. Kamera haiinamishi macho. Inakiona kisima na choo kwa usawa uleule inavyoliona jamvi, inahifadhi vyote, na mtazamaji wake anaweza kuwa maili 2,000 kutoka hapo, chumbani, simu imelala mezani mbele ya watu wengine.

Dalili ya kwanza kwamba mambo yameharibika haikutambuliwa. Bibi wa nyumba ya pili alikata mguu. Alikuwa amezoea kupita kwa njia ile kila asubuhi akienda kwa mwanawe, na kusimama kidogo kwa mama. Sasa akawa anazunguka kwa nyuma, kupitia mihogo, mwendo mrefu kwa mwenye magoti mabovu. Kamba yake ya nguo ikahamishwa. Kisha wanawake waliokuwa wakija jioni kuchambua karafuu ukumbini wakapungua, mmoja ana homa, mmoja ana mgeni. Kuchambua ni kazi ya mikono na ya midomo. Watu huvua shungi kwa joto, huimba, husemana na kucheka. Hakuna aliyesema neno kuhusu kamera. Adabu ya Pemba humfanya aliyeudhika aondoke taratibu kuliko kumwambia mwenzake kwamba amemuudhi, na adabu hiyo, nzuri kwa mambo mengi, humwacha mkosaji gizani kwa muda mrefu.

Mambo yakapasuka usiku wa mvua. Saa nane hivi, mwana aliye Maskati, akiwa zamuni, alipata mlio wa programu kwamba kuna kitu kinatikisika. Akafungua akaona kijana mwembamba anapenya kutoka ng'ambo ya njia, ameinama, anakunja jamvi la karafuu na kulivuta hadi nje ya picha. Akarudi akalivuta la pili. Alipiga simu nyumbani, haikupokewa. Akakata kipande cha sekunde 40 akakituma kwenye kundi la ukoo, akaandika kwamba mwizi ndiye huyu. Kabla ya Alfajiri kipande kilikuwa kimeshatoka kwenye kundi la ukoo kikaingia kwenye makundi mengine, na wawili watatu walikwishamtaja kijana kwa jina, wamemtambua kwa mwendo.

Mama alipotoka baada ya swala alikuta uwanja umerowa chapachapa, na karafuu zake zote, kavu, zimefunikwa turubai chini ya banda la jirani. Kijana alikuwa mjukuu wa bibi yule. Bibi ndiye aliyesikia ngurumo, akamwamsha mtoto, akamwambia akaziokoe karafuu za mama, kwa kuwa ni ada ya kisiwa kizima kwamba anayesikia mvua kwanza huanua za kwake na za jirani. Walibisha hodi, mama alikuwa amelala. Rekodi kamili, ilipotazamwa baadaye, ilionyesha matone yakianza dakika chache tu baada ya kijana kuondoka, kama nyuzi nyeupe mbele ya lenzi. Kipande kilichotumwa kilikuwa kimekatwa kabla. Hodi nayo haikusikika, maana walibisha mlango wa nyuma.

Upungufu huu wa picha ya usiku unafaa kueleweka na kila mwenye kamera. Gizani kamera nyingi za nyumbani hutumia taa za infraredi, mwanga ambao jicho la mtu halioni, na picha hutoka nyeusi na nyeupe. Rangi hupotea; nguo nyeusi ya kitambaa cha aina fulani huonekana nyeupe kabisa, kwa hiyo ushahidi wa rangi ya shati hauna maana. Uso ulio mbali au ulioinama huwa doa. Mtu hujaza doa hilo kwa jina la yule anayemshuku tayari. Zaidi ya hayo, picha huonyesha mkono umefanya nini, na nia ya mkono huo iko nje ya fremu, pamoja na ngurumo, na bibi aliyetoa amri.

Siku hiyohiyo mama alikwenda kuomba radhi, simu mkononi, mwanawe akiwa hewani. Alibisha hodi mlango wa mbele kama mgeni. Mwana alisema, "Nisamehe, mama yangu, nimemvunjia heshima mwanao." Bibi alinyamaza kwa muda, kisha akajibu polepole: "Nimekusamehe, mwanangu. Lakini mamaako nimekaa naye miaka arubaini. Nikipita pale nilikuwa napita kwake. Siku hizi napita kwa watu wa Maskati, na siwajui." Akauliza swali moja: picha zile zinakwenda kwa nani? Hakuna aliyeweza kumjibu sawasawa. Ilibainika kwamba nywila ilikuwa ileile iliyoandikwa kwenye boksi, na kwamba mwana aliwapa namba ya kuingilia nduguze watatu, mmoja wao akampa mkewe. Watu sita, katika nchi tatu, walikuwa na funguo za ua wa bibi yule.

Swali lake lina uzito wa pekee Pemba. Kisiwa hiki kimepita miaka ya uhasama mkali wa kisiasa baada ya uchaguzi wa 1995 na wa 2000, mpaka mwaka 2001 watu zaidi ya 2,000 wakavuka bahari kukimbilia Shimoni, Kenya. Kura ya maoni ya Julai 2010 ilifungua njia ya serikali ya umoja wa kitaifa na mambo yakapoa kwa muda, lakini mtu wa umri wa bibi yule amejifunza kutaka kujua nani anamtazama, na ana haki. Hata nje ya siasa jibu si jepesi. Kamera nyingi za bei nafuu hupeleka picha kwanza kwenye seva za kampuni, na kutoka huko ndipo ziende kwenye simu. Mei 2023 Tume ya Biashara ya Shirikisho ya Marekani iliituhumu kampuni ya kamera ya Ring kwamba iliwaacha wafanyakazi wake wakiweza kuzitazama video za wateja, na kwamba mmoja wao alitazama maelfu ya video za wanawake katika vyumba vyao vya faragha. Kampuni ilikubali kulipa dola milioni 5.8. Picha inayobaki kwenye kadi ndani ya kamera yenyewe ina macho machache zaidi ya kuiona.

Fundi akaitwa tena, na safari hii kazi ilifanywa na watu watatu. Bibi alisimama uani kwake, mama alishika simu, fundi alikuwa juu ya ngazi. Kamera iliteremshwa kutoka upenuni hadi kimo cha juu kidogo ya mlango, ikahamishiwa pembe ya pili na kugeuzwa ili iupe ua wa jirani kisogo, ikiinama kutazama uwanja wa kuanikia peke yake. Bibi alikuja kutazama kiooni mara tatu, na mara mbili akasema bado. Ncha ya njia iliyobakia kwenye picha iliwekewa kiraka cheusi ndani ya programu. Kiraka hicho ni kitu kizuri, lakini kisitegemewe peke yake: mwenye kamera anaweza kukiondoa usiku mmoja bila mtu kujua. Kisogo cha kamera jirani anakiona kwa macho yake kila siku, na dhamana anayoweza kuikagua mwenyewe ina thamani kuliko ahadi iliyomo ndani ya simu ya mwingine. Njiani penyewe pakawekwa taa inayowaka mtu akipita, nayo humfaa bibi kama inavyomfaa mama.

Kisha yakafuata mambo madogo ambayo fundi hayasemi asipoulizwa. Sauti ilizimwa. Nywila ilibadilishwa, na ruhusa ya kutazama ikabaki kwa simu mbili. Kamera ikapangiwa saa: inaanza baada ya Isha na kulala Alfajiri, kwa kuwa mchana macho ya watu yapo na yanatosha. Kuhusu muda wa kuhifadhi, hesabu yenyewe ni nyepesi. Picha ya kawaida ya kamera hizi hula kama megabiti 2 kwa sekunde, sawa na karibu gigabaiti 22 kwa siku nzima. Kadi ya gigabaiti 64 hujaa kwa siku tatu na kuanza kujifuta. Ikirekodi usiku tu, na kinapotikisika kitu tu, hufika wiki mbili au zaidi. Kwa mali isiyokaa jamvini zaidi ya wiki moja, hakuna haja ya kuweka kumbukumbu za majirani kwa miezi.

Yote haya yalifanyika bila mtu kufungua kitabu cha sheria, ingawa sheria ipo. Katiba ya Zanzibar ya 1984, ibara ya 15, inampa kila mtu haki ya kuheshimiwa na kuhifadhiwa nafsi yake, maisha yake binafsi, familia na makazi yake; ibara ya 16 ya Katiba ya Jamhuri ya Muungano ya 1977 inasema jambo hilohilo. Sheria ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi ya 2022 ilianza kutumika Mei 2023, na Tume ya kuisimamia ikazinduliwa Aprili 2024. Kwa upande wa Zanzibar sheria hiyo haigusi mambo yasiyo ya Muungano. Ni hatua njema. Lakini ofisi iko mbali na ua wa makuti, na mtu wa kwanza kupelekewa ugomvi wa namna hii ni sheha. Sheha aliyeelewa mambo machache, kamera inatazama wapi, nani anaona, picha zinakaa siku ngapi, anaweza kuyamaliza mengi kwa kikao kimoja.

Mahakama za ng'ambo zimefikia palepale alipofika bibi. Katika Jamhuri ya Cheki mtu mmoja aliyekuwa akivunjiwa vioo alifunga kamera chini ya paa lake mwaka 2007. Kioo kilipovunjwa tena, kwa manati, picha zilisaidia kuwapata washukiwa wawili. Mmoja wao akahoji uhalali wa kurekodiwa barabarani. Kesi hiyo, ya Ryneš, ilifika Mahakama ya Haki ya Umoja wa Ulaya, ambayo Desemba 2014 iliamua kwamba kamera ya nyumbani inayotazama eneo la watu wote haiwezi kuitwa jambo la ndani ya nyumba tu, hivyo sheria ya taarifa binafsi inaihusu, ingawa haki ya mtu kulinda mali yake nayo hupimwa. Oktoba 2021 mahakama ya Oxford, Uingereza, iliamua dhidi ya mwenye nyumba kwa kamera zilizomsumbua jirani, na kilichokemewa zaidi kilikuwa sauti: kamera zilinasa mazungumzo ya watu walio mbali. Na kuhusu picha za watoto, mwaka 2023 Ofisi ya Kamishna wa Ulinzi wa Data nchini Kenya iliitoza shule moja faini ya shilingi milioni 4.55 kwa kuweka hadharani picha za wanafunzi bila idhini ya wazazi. Kijana wa usiku wa mvua alikuwa na miaka 14.

Kipande chake cha sekunde 40 hakikuweza kurudishwa chote. Mwana aliomba radhi kwenye kila kundi alilolijua, akatuma rekodi ndefu yenye mvua, na wengi walifuta. Mwaka uliofuata bado kulikuwa na mtu wa Mkoani aliyemuuliza kijana, kwa mzaha, kama ameacha karafuu za watu. Tangu hapo nyumba ile ina utaratibu mmoja usiovunjwa: picha ya mtu ni amana. Ikionekana ya kutia shaka, hupigiwa simu nyumba ya jirani kwanza. Ikiwa ni wizi kweli, huchukuliwa kadi yenyewe na kupelekwa kwa sheha, na kutoka kwake polisi. Haipiti kwenye kundi lolote.

Bado kuna sitara ambayo ilikawia kufikiriwa, nayo ni ya mama mwenyewe. Watoto walio mbali humpenda, na upendo ukipewa kamera hukosa mpaka. "Mama, mgeni wa jana alikuwa nani?" "Mama, mbona umechelewa kufungua mlango leo?" Kwa miezi kadhaa alijibu maswali hayo kwa upole, kisha siku moja akasema kwamba hata mumewe, Mungu amrehemu, hakuwahi kumuuliza mambo hayo. Mtu mzima anayetazamwa na wanawe bila kuulizwa amenyang'anywa kitu, hata kama wanamtazama kwa huruma. Wazee wengine huiomba kamera wenyewe, kwa hofu ya kuanguka peke yao, na hilo ni lao kuamua. Ndani ya nyumba ile haikuwekwa.

Kwa sasa, chini ya kamera pana msumari, na kwenye msumari huning'inia kifuko kilichoshonwa kwa kipande cha kanga kuukuu. Siku ya harusi, ya maulidi ya wanawake, ya matanga, au jioni watu wakikaa kuchambua, mama hupanda kigoda na kuivisha kamera kifuko hicho. Msimu ukiisha na karafuu ya mwisho kupelekwa kituoni, kamera huteremshwa, hupanguswa vumbi, na kuwekwa kabatini pamoja na majamvi yaliyokunjwa. Bibi hupita tena kwa njia ya mguu, na akifika usawa wa ukumbi husimama.